Watemi Hawakulima Pamba

Wenzangu waandishi, leo tusemezane bila kuoneana haya. Mashairi ya watemi yametuchosha. Kila tukikaa Ngokolo kusomeana tulichoandika, katika kazi kumi, nne zina mtemi ndani yake. Mtemi kavaa ngozi ya simba. Mtemi kashika usinga. Mtemi kaketi, ngoma inalia, mvua inanyesha kwa amri yake, na wanawali wanapiga vigelegele. Kisha mshairi anafunga daftari, anatutazama, anasubiri makofi kwa kuwa eti ametukumbusha "historia yetu". Nani kakudanganya, kaka? Nani kakudanganya, dada?

Mimi nasema hivi, na anayetaka kunijibu anijibu kwa maandishi: historia ya siasa ya Wasukuma haimo katika viti vya watemi. Imo kwa watu waliowaweka watemi hao, wakawafukuza, wakawalipia kodi, na mwisho wakawazunguka. Tukiendelea kuandika kana kwamba watu hao walikuwepo kwa ajili ya kupiga vigelegele tu, tutakuwa tunawafundisha wadogo zetu kazi hiyo hiyo. Na kazi hiyo ina waajiri wengi sana siku hizi!

Tuanze na jina, maana hata jina mmelikosea. Kuna mashairi mawili nimeyasikia yakitaja "Dola ya Usukuma". Dola ipi hiyo? Neno "sukuma" kwa wazee wetu lilikuwa na maana ya upande wa kaskazini tu, kama "dakama" ni kusini na "kiya" ni mashariki. Mtu wa Tabora akimwita mwenzake Msukuma alikuwa anamwambia, wewe wa kule juu. Huyo wa kule juu naye akiulizwa kwao, angesema Usiha, au Uduhe, au Samuye, au Tinde, au Ntuzu, au Nera. Serikali ya Waingereza ilipohesabu tawala za Usukuma ilikuta zaidi ya 50. Hamsini na kitu! Nyingine ndogo kiasi kwamba mtu mwenye miguu mizuri angeivuka kabla jua halijazama. Hapakuwa na enzi moja, hapakuwa na mji mkuu, hapakuwa na mfalme wa wafalme. Shirikisho la kwanza la tawala zote hizo liliundwa na wakoloni mwaka 1946, makao yake yakawa Malya. Kwa hiyo ukiimba "Dola ya Usukuma", ujue unaimba wazo la ofisi ya mkuu wa mkoa wa Kiingereza.

Sasa huyo mtemi wa kale alikuwa nani? Wengi wanalihusisha jina lake na kutema, yaani kukata: kukata miti kufungua pori, na kukata maneno watu wanapogombana. Kazi ilikuwa nzito na mamlaka yalikuwa membamba. Hakuchaguliwa kwa sababu ni mwana wa baba yake; katika tawala nyingi urithi ulipita upande wa mama, na katika watoto wa dada wale wakubwa wa baraza walimteua wanayemtaka. Mvua ikikataa mwaka wa kwanza watu walinung'unika, ikikataa wa pili walimtazama vibaya, na mtemi aliyeshindwa angeweza kuondolewa. Mnasikia? Mnaandika kwamba mtemi aliamuru mvua. Ukweli ni kwamba mvua ndiyo iliyomwamuru mtemi!

Na pembeni yake kulikuwa na watu wengine, ambao hakuna hata mmoja wenu aliyewatungia ubeti. Kulikuwa na banamhala, wazee wa kijiji. Kulikuwa na nsumba ntale, kiongozi wa vijana, aliyechaguliwa na vijana wenyewe, si na mtemi. Huyu ndiye aliyepiga mbiu ya kwenda kulima shamba la fulani, kujenga nyumba ya fulani, kufukuzia mwizi wa ng'ombe. Mtu mkorofi, bahili, asiyekwenda misibani, alipigwa faini na vijana. Akikataa kulipa, alitengwa. Hakuna wa kumsalimia, hakuna wa kumpa moto wa kuwashia jiko. Jiulize ni askari gani mwenye nguvu kuliko hiyo. Siasa ya watu hawa ilikuwa hapo, kwenye jembe na kwenye kumnyima mtu salamu. Sijui kwa nini haituvutii. Labda kwa sababu haina ngozi ya simba.

Kisha akaja Mjerumani. Sikatai kwamba wapo watemi waliopigana. Isike wa Unyanyembe alijilipua ndani ya ngome yake Tabora, Januari 1893, kuliko kutoka na mikono juu. Huyo mtungieni, sina neno. Lakini Isike ni wa Unyamwezini, na watemi wa aina yake hawakuwa wengi. Walio wengi waligeuzwa kuwa wakusanyaji wa kodi ya nyumba. Waingereza walipoichukua Mwanza mwaka 1916 waliwakuta hivyo, na mwaka 1926 wakaitia hali hiyo katika sheria: mtemi akawa "mamlaka ya wenyeji", ana mshahara, ana mahakama, ana jela, ana mtu wa kumwandikia barua. Yule ambaye jana aliogopa ukame, leo anamwogopa bwana shauri tu. Ukame ukija mshahara uko pale pale. Hapo ndipo nguvu ya watu ya kumfukuza mtemi ilipovunjwa, na waliyoivunja ni wale wale waliokuwa wakijisifu kwamba wanahifadhi mila zetu. Halafu leo mshairi wa miaka ishirini na mbili, na simu mkononi, anamtungia sifa mtumishi huyo wa serikali ya kikoloni akidhani anaupinga ukoloni!

Nasikia mtu kule nyuma akisema: "Watu wasiokuwa na mfalme watakuwaje na historia?" Swali zuri. Ngoja nikuvushe hadi Bahari ya Baltiki, kaskazini mwa Ulaya, kwenye nchi ya Latvia, maana wenzetu hao waliulizwa swali hilo hilo na mabwana zao.

Walatvia hawafiki milioni mbili. Tangu karne ya 13, wapiganaji wa msalaba wa Kijerumani walipoiteka nchi, hawakupata tena mtawala wa kwao kwa muda wa miaka 700. Alikuja Mpoland, akaja Mswidi, akaja Mrusi. Wakubwa walibadilishana, lakini mwenye shamba alibaki yule yule bwana wa Kijerumani, na Mlatvia akabaki mali ya shamba hilo, sehemu kubwa ya nchi hadi miaka ya 1817 na 1819. Katika maandishi ya mabwana aliitwa "asiye Mjerumani". Hata jina hakupewa. Alitajwa kwa kile ambacho hakuwa. (Sisi angalau tulitajwa kwa upande wa jua.) Basi karne ya 19 vijana wao waliosoma, watoto wa wakulima, wakataka kuandika historia yao. Wangeweza kufanya kama sisi, wakatafuta bwana mmoja mwenye ngome nzuri wakamsifia. Hawakufanya hivyo. Walikwenda kwa bibi zao. Mmoja wao, Krišjānis Barons (jina la kibwana, ila alikuwa mtu wa kawaida kabisa), alikusanya nyimbo fupi fupi za wakulima, za kulima, za kuoa, za kuzika, za kumcheka bwana shamba. Aliziandika kwenye vipande vidogo vya karatasi, akaagiza kabati lenye visanduku vingi, akavipanga humo. Kuanzia 1894 hadi 1915 vikatoka vitabu vyenye nyimbo karibu 218,000. Kabla ya hapo, mwaka 1873, walikuwa wamekwisha kukusanyika Riga kwa tamasha la kwanza la nyimbo. Tarehe 18 Novemba 1918 wakatangaza nchi yao. Wasovieti wakaimeza mwaka 1940, na mwaka 1949 wakachukua watu zaidi ya 40,000 kwa siku chache tu, wakawapeleka Siberia. Tarehe 23 Agosti 1989 wakashikana mikono na majirani zao wa Estonia na Lithuania, msururu wa zaidi ya kilomita 600, wakiimba. Mwaka 1991 nchi ikarudi mikononi mwao. Hakuna mfalme hata mmoja katika habari hiyo. Kuna kabati la nyimbo.

Kabati letu liko wapi? Tunalo, sema halijafunguliwa. Bagika na Bagalu ni nini kama si vyama vya siasa vilivyovaa njuga? Vilianza karne ya 19, vikitajwa kwa waganga wawili, Ngika na Gumha, na hadi leo msimu wa mavuno ukifika utawaona wakishindana uwanjani, mmoja na bunungule, mwingine na nyoka shingoni, watu wamejaa mpaka juu ya miti. Nyinyi mnaona ngoma. Sikilizeni maneno basi! Hapo anasemwa mtendaji, inasemwa bei ya pamba, anasemwa tajiri aliyewanyima wenzake maji. Mtunzi wa ngoma hasubiri wahariri wala hasubiri kibali. Akitunga vibaya, watu wanahamia kwa mpinzani wake palepale na anabaki akiwaimbia watoto. Ni wahakiki gani wakali kuliko hao? Sisi hapa tukikosolewa vina tu tunanuna wiki nzima.

Lakini sitaki tubaki kwenye ngoma, maana wageni nao wanaipenda ngoma, kwa sababu ngoma haiwadai kitu. Njooni kwenye mizani.

Reli ya kutoka Tabora ilipita hapa Shinyanga ikafika Mwanza mwaka 1928. Pamba ikawa fedha, na fedha ikawa kodi, na kodi ikarudi kwa mtemi na bwana wake. Mkulima alilima, akapalilia, akavuna kwa vidole mpaka vikachanika, akajitwika au akapakia kwenye mkokoteni, akafika dukani kwa mnunuzi, ambaye mara nyingi alikuwa mfanyabiashara wa Kiasia mwenye leseni. Pale palikuwa na mizani. Mizani ya nani? Ya mnunuzi. Anaisoma nani? Mnunuzi. Mkulima hakujua kusoma tarakimu, ila mgongo wake ulijua uzito wa mzigo ule, na mgongo na mizani havikusema neno moja.

Sasa tazameni walichofanya. Hawakumwendea mtemi, mtemi angefanya nini? Hawakuchoma duka. Walitafuta mizani yao wenyewe. Wakamweka mtu wao anayejua kusoma, akae nayo njiani, jirani na duka, ili mzigo upimwe kwanza na macho ya wenyewe kabla ya kupimwa na macho ya tajiri. Basi! Mizani moja na kijana mmoja wa darasa la sita. Kwangu mimi hiyo ni habari kubwa kuliko vita vyote vya watemi mnavyovitungia. Maana siku ile mkulima alipomwambia mnunuzi, "huu mzigo nimekwisha kuupima, unasema tofauti", ndipo siasa ya karne ya 20 ilipoanza katika nchi hii ya pamba.

Kutokana na mizani hizo vikatoka vyama. Mwaka 1950 kijana wa miaka 25, Paul Bomani, aliongoza kuundwa kwa chama cha wakulima wa pamba wa Jimbo la Ziwa. Alizunguka vijijini, akahesabu, akasajili vyama vya msingi kimoja kimoja. Mwaka 1955 vikaunganika kuwa shirikisho la Victoria, ambalo watu wa hapa hawakuwa na haja ya kulieleza, waliliita tu Federesheni. Kufika mwisho wa miaka ya 1950 pamba yote ya Jimbo la Ziwa ilikuwa inapitia mikononi mwao, wana viwanda vyao vya kuchambulia, na likatajwa kuwa shirika kubwa kuliko yote ya ushirika yaliyoendeshwa na Waafrika. Wasukuma ambao hawakuwahi kuunganishwa na mtemi yeyote waliunganishwa na hati ya mauzo ya pamba. Federesheni ndiyo iliyokuwa Usukuma. Ile ya Malya ilikuwa na majengo.

Na serikali ilijua hivyo. TANU ilizaliwa Julai 1954. Kabla mwaka haujaisha, serikali ilikataa kuisajili huku kwetu, na katazo hilo likadumu mpaka 1958. Miaka minne! Nchi nzima inakutana, sisi tumefungwa mdomo. Kwa nini Usukuma? Kwa sababu hapa hasira ilikuwa imekwisha kuiva. Kulikuwa na mpango wa maendeleo wa Usukuma, mzuri sana kwenye karatasi: lima matuta namna hii, punguza ng'ombe, lipia ng'ombe, peleka josho, usikate hiki. Kila amri ilitolewa kwa jina la mtemi, na kila aliyevunja alihukumiwa kwenye baraza la mtemi. Mkoloni mwenyewe alikaa kivulini anakunywa chai.

Mwaka 1958 ikafika Geita. Serikali ilitaka halmashauri ya wilaya yenye wajumbe wa rangi zote, Wazungu na Waasia wakipewa viti katika wilaya ambayo wangeweza kuhesabiwa kabla chai haijapoa. Watu wakakataa. Wakaja Mwanza kwa maelfu, wakaweka kambi, wakakaa, wakisema hawatoki mpaka wasikilizwe. Polisi wakawapiga mabomu ya machozi. Wakatawanyika, wakarudi, mashamba yakawa hayalimwi kwa amri, kodi ikawa hailipwi, baraza la mtemi likawa linaita watu hawaji. Mnaikumbuka ile adhabu ya nsumba ntale, ya kumtenga mtu? Safari hii waliotengwa walikuwa serikali nzima. Na halmashauri ile ikaachwa. Watu wa Geita waliokuwa hawana bunduki hata moja walimgeuza mkoloni njiani, miaka mitatu kabla ya Uhuru. Nitajieni shairi moja linalowataja. Moja tu!

Mwaka huo huo Julius Nyerere alishtakiwa mahakamani Dar es Salaam kwa maneno aliyoyaandika dhidi ya mabwana shauri wawili katika *Sauti ya TANU*, akatozwa faini ya shilingi 3,000. Nalitaja hilo kwa ajili yetu sisi tunaodharau kijarida chetu kwa sababu kurasa ni chache. *Sauti ya TANU* nayo ilikuwa karatasi chache tu.

Najua jibu mnaloliandaa. Mtasema, na Kidaha Makwaia je? Kweli, mtemi wa Usiha, hapa hapa jirani, Kishapu ya leo, alikuwa mmoja wa Waafrika wawili wa kwanza kuingia Baraza la Kutunga Sheria mwaka 1945. Alikuwa msomi na mtu mwenye akili pana. Lakini jiulizeni alifika pale kwa kura ya nani. Aliteuliwa na gavana. Mtu mzuri kwenye kiti kibaya bado yuko kwenye kiti kibaya.

Mwaka 1963 serikali yetu ikaifuta sheria ya machifu. Na ajabu ni kwamba watu hawakutoka kuwalilia. Kama watemi ndio waliokuwa roho ya Wasukuma, mbona roho ilitoka mwili ukaendelea kulima?

Hapa sasa wale wenzangu wanaopenda Uhuru kuliko kuusoma wasikasirike, maana nao wana fungu lao. Serikali yetu wenyewe ilikalia kiti kile kile cha mtemi wa mshahara. Novemba 1973 ilitangazwa kwamba kuishi katika vijiji ni amri, na mwaka 1974 watu wa mkoa huu walihamishwa, nyumba zikabomolewa, mtu akaachia kisima chake na makaburi ya wazee wake. Mwaka 1976 vyama vikuu vya ushirika vikavunjwa kwa tangazo, nchi nzima. Mrithi wa Federesheni ile iliyoanzia kwenye mizani ya njiani akafa kwa sahihi ya kalamu. Nyerere mwenyewe alikuja kusema baadaye kwamba lilikuwa kosa. Na mwaka huo huo 1976, katika msako wa wauaji na walioitwa wachawi, Mwanza na hapa Shinyanga, watu wengi walikamatwa na kuteswa na vyombo vya dola, na wengine wakafia mikononi mwao. Waziri wa Mambo ya Ndani, Ali Hassan Mwinyi, akajiuzulu mwaka 1977 kwa kuwajibika, ingawa si yeye aliyeshika fimbo. Watu wanamkumbuka Mzee Mwinyi kwa uungwana ule, na ni haki yake. Lakini waliokufa wanakumbukwa na nani? Uungwana wa waziri tumeusoma shuleni, majina ya marehemu hatukuyasoma.

Watu walijibu tena kwa dawa yao ya zamani. Kuanzia 1981 na 1982, wizi wa ng'ombe ulipozidi na polisi wakawa ama mbali ama wamelainishwa, vikazuka vikundi vya sungusungu upande wa Kahama na Shinyanga, vikaenea kama moto wa nyika. Upinde, mshale, filimbi, mbiu ya usiku. Wakubwa wengine walitaka vifutwe; Nyerere akavikingia kifua. Ng'ombe walirudi. Ila nisingekuwa mkweli kama ningeishia hapo. Mbiu ile ile iliyomfukuza mwizi ilimfuata pia bibi kizee mwenye macho mekundu ya moshi wa kuni. Wanawake wazee wameuawa katika mkoa huu, mmoja mmoja, usiku, kwa panga, kwa sababu ya macho, shamba au wivu wa urithi. Kijiji kizima kinajua, na kijiji kizima kinanyamaza. Kule Latvia nako, mwaka 1941 Wajerumani wa Hitler walipoingia, walikuwepo Walatvia waliowasaidia kuwaua majirani zao Wayahudi. Watu wa chini si malaika. Nikisema tuandike historia yao sisemi tuwapake mafuta. Mpaka mafuta mngeweza kuwaachia watemi.

Na mali je? Mwadui, kilomita chache kutoka hapa tulipo, almasi ilivumbuliwa mwaka 1940 na Mkanada, John Williamson. Mwaka 1947 likatoka jiwe la waridi la karati 54.5, akapewa Princess Elizabeth kama zawadi ya harusi. Likachongwa likawa karati 23 na kitu, akalivaa. Nimewahi kusoma shairi la mwenzetu akilisifu jiwe lile kama "salamu za Shinyanga kwa dunia". Salamu gani isiyotumwa na mwenyewe? Kisha dhahabu. Agosti 1996 wachimbaji wadogo waliondolewa Bulyanhulu, wilaya ya Kahama, ili kupisha kampuni. Kwamba wapo waliofukiwa mashimoni wakiwa hai, ni madai ambayo serikali na kampuni waliyakanusha, na ubishi haujaisha. Kwamba waliondolewa wakaacha mashimo waliyoyachimba kwa mikono yao, hakuna anayelibishia. Mwaka 2000 ukafunguliwa mgodi mkubwa wa Geita, wilaya ile ile ya 1958. Wajukuu wa wale waliolala Mwanza kwa ajili ya viti vya halmashauri sasa wanachenjua mchanga wa mabaki pembezoni mwa uzio. Hapo pana riwaya tatu, nne, zinasubiri mtu mwenye kalamu na viatu vya kutembelea.

Mtaniuliza, haraka ya nini, watemi wamekufa, waacheni wapumzike katika mashairi. Hawajakufa! Septemba 2021, Kisesa wilayani Magu, Rais Samia Suluhu Hassan alisimikwa kuwa Chifu Hangaya, mkuu wa machifu. Sina ugomvi na sherehe, wala na mgeni kuheshimiwa kwa mila. Ila tazameni nani alikuwa jukwaani na nani alikuwa juani. Hata neno lenyewe, chifu, ni la Mwingereza. Na miezi michache kabla ya hapo, baada ya Rais John Magufuli kufariki tarehe 17 Machi 2021, mitandaoni na barazani likazuka jina la "Sukuma Gang", wakibandikwa wafuasi wa siasa zake, lakini tope likiwarukia mamilioni ya watu ambao siku hiyo walikuwa wanapalilia. Mama muuza mitumba hapa Ngokolo amekuwa genge lini? Sensa yetu haijauliza kabila tangu 1967, na ni vizuri. Lakini siasa inauliza kila siku. Watu wasio na historia iliyoandikwa wanabandikwa jina lolote: leo genge, kesho washamba, keshokutwa "wapiga kura wetu waaminifu" wanaohitaji tu kuletewa chifu, ng'ombe wawili na ngoma. Kila shairi lenu la mtemi linawarahisishia kazi hao.

Kuna mtu atasema lugha ndiyo kikwazo. Bibi zetu wanazungumza Kisukuma, redio hazitangazi kwa Kisukuma, shule hazikifundishi, na jarida letu ni la Kiswahili. Aniceti Kitereza wa Ukerewe alimaliza riwaya yake kwa Kikerewe mwaka 1945. Hakupata mchapaji. Akaitafsiri mwenyewe kwa Kiswahili, na *Bwana Myombekere na Bibi Bugonoka* ikatoka mwaka 1980. Yeye akafariki mwaka uliofuata. Hakumtafuta mtemi. Aliandika mume, mke, mtungi wa pombe na utasa, na ukimaliza unaijua nchi nzima. Kikerewe hakikumzuia, ni sisi tunaozuiwa na uvivu.

Kwa hiyo kwa toleo lijalo nawaomba wahariri, na nimekwisha kuwaambia uso kwa uso, shairi la mtemi lisipite mpaka mwandishi alete pamoja nalo kurasa mbili alizozitoa kwa mtu aliye hai: mzee aliyekuwa karani wa chama cha msingi, mama aliyehamishwa 1974, kijana aliyetoka Bulyanhulu, manju wa Bagalu. Aandike na tarehe. Aandike na kijiji. Kisukuma kikimtoka mzee akiache kama kilivyo, atafsiri chini. Na kama nyumbani kwenu kuna kisanduku cha babu chenye hati za pamba, zile karatasi nyembamba zenye uzito na bei, msiwape watoto wachezee wala msiwashie jiko. Zileteni tuzisome. Nyingine zimeliwa na mchwa upande mmoja, lakini kilo zinaonekana bado.